Meza ya Bwana DC

Kwa macho, ukuta ule ulikuwa wa mawe. Inspekta Jonah Muthama aliugonga kwa kidole, ukalia ko! kama sanduku tupu. Akazunguka nyuma kuutazama vizuri. Nyuma hapakuwa na jiwe hata moja: plaiwudi, vijiti vya kuegemeza, na misumari iliyochomoza. Kampuni ya sinema ilikuwa imekuja mpaka nje ya Kibwezi, ikafyeka pori na kujenga ofisi ya Mkuu wa Wilaya, yaani DC, ya mwaka wa arobaini na tisa, na kila kitu hapo kilikuwa cha uongo isipokuwa jua. Muthama hakupapenda kabisa. Miaka kumi na minane ya upelelezi ilikuwa imemfanya amwogope mtu au kitu chochote kinachopendeza upande mmoja tu.

"Hapa ndiyo tulimpata jana, afande," alisema Sajini Mbuvi, akionyesha mchanga chini ya jukwaa la mbao walilopandia mafundi. "Alikuwa amelala kifudifudi. Ile mbao ya juu imeng'olewa misumari. Na koleo iliyong'oa tumeipata kwa sanduku ya fundi Mutie. Hii kesi imeiva. Sahihi yako tu inangojewa."

Sahihi hiyo ilitakiwa kabla ya saa kumi na moja jioni. Kesho yake, Jumatano, Mutie angefikishwa mahakamani kwa shtaka la kuua, na kwa shtaka hilo mwaka ule wa 1983 mtu hakufungwa, alinyongwa. Muthama alikuwa na saa saba kamili za kuamini au kutoamini.

Marehemu alikuwa Kivuva Ndeti, mbunifu wa mandhari ya sinema. Alianza kwa kuchora vichwa vya watu kwenye kuta za vinyozi mjini Kitui, kisha akashuka Mtito Andei kuchora simba na maandishi kwenye malori. Mwaka wa sitini na nne Wazungu waliokuja kupiga sinema ya wawindaji walitaka mtu wa kuwaandikia kibao cha duka. Kivuva akawaandikia kibao, halafu bila kuulizwa akawaambia kwamba duka lenyewe limekaa vibaya. Tangu siku hiyo hakurudi tena kwa vinyozi. Kila sinema iliyohitaji manyatta, gereza au stesheni ya zamani ilimtafuta yeye.

"Mutie na yeye walikuwa na neno gani?" Muthama aliuliza.

"Walitukanana Ijumaa mbele ya watu wote. Kivuva alimwambia hata kuku hawezi kulala kwa banda amejenga."

"Na mtu anaua kwa sababu ya kuku?"

"Watu wameua kwa sababu ya chini ya hiyo, afande."

Hilo lilikuwa kweli. Muthama alichuchumaa, akachota mchanga na kuuacha umiminike kati ya vidole. Ulikuwa laini, mguu ukizama mpaka kifundoni. Daktari alikuwa amemwambia asubuhi kwa simu kwamba Kivuva alikufa Jumapili mchana, na kwamba jeraha lilikuwa kisogoni, nalo lilikuwa na pembe, kana kwamba mtu amepigwa na kona ya kitu kigumu. Mtu aliyeanguka kifudifudi mchangani hapati pembe kisogoni.

"Nifungulie hiyo ofisi," alisema.

Ndani, ofisi ya Bwana DC ilikuwa safi kuliko ya kwake. Palikuwa na meza kubwa nyeusi karibu na mlango, kiti cha ngozi, kofia ngumu ya safari juu ya kabati, kalamu ya wino iliyolazwa juu ya faili, na glasi yenye kinywaji cha rangi ya kahawia kufikia nusu. Kwenye ubao nyuma ya mlango zilibandikwa picha ndogondogo, zile ambazo kamera huzitema papo hapo zikiwa bado na unyevu. Ya mwisho ilikuwa na tarehe ya Ijumaa. Muthama aliibandua, akaitazama, akaitazama meza. Kalamu ilielekea dirishani pichani na mezani vilevile. Mkono wa kiti uligusa meza pichani na chumbani vilevile. Kinywaji kilifika pale pale.

"Nani alifunga huku?"

"Mimi mwenyewe, Jumatatu asubuhi. Hakuna mtu ameguza kitu." Mbuvi aliinua ile glasi, akainusa, uso ukakunjamana. "Nilidhani ni wiski." Na kabla ya kuzuiwa akaonja. "Ni strungi, chai isiyo na maziwa! Haina hata sukari."

"Umemaliza kunywa ushahidi, Sajini?"

Mbuvi aliirudisha glasi polepole, masikio yakimchemka.

Stoo ilikuwa nyuma, ndani ya kontena la chuma lililokuwa limeshika moto kwa jua. Mwenye stoo alikuwa Hemedi Salim, mtu wa Mwingi, mwembamba, mwenye kofia iliyoshonwa kwa mkono na sauti ya chini. Mbuvi alikwisha kumnong'oneza inspekta kwamba Jumapili, watu wote walipokuwa kanisani, Hemedi peke yake hakwenda.

"Msikiti hauna ibada kubwa Jumapili, afande," Hemedi alisema, kana kwamba alisikia. "Na hata hivyo sikuwa Kibwezi. Ijumaa jioni nilipanda basi nikaenda Mwingi kumposea mdogo wangu. Nimerudi jana saa tatu asubuhi, nikakuta vilio. Wazee tuliokuwa nao wako, waulize."

Muthama alikuwa ameshawauliza kwa simu ya kituo cha Mwingi. Wazee sita, na mmoja wao chifu mstaafu. Alimwashia Hemedi sigara.

"Niambie habari ya glasi. Ile ya mezani kwa DC."

Hemedi aliinua uso haraka. "Glasi gani?"

"Yenye strungi."

"Haiwezekani." Alifungua daftari lake lenye jalada la kitambaa. "Hizo glasi ni za zamani, zimeazimwa Nairobi, ziko kumi na mbili. Asubuhi zinatoka, jioni zinarudi. Hiyo chai tunaweka bila sukari sisimizi wasije, na jioni inamwagwa. Ijumaa nimezipokea zote, nikazifunga hapa. Tazama, nimeandika."

"Zihesabu."

Alizihesabu mara mbili kwenye sanduku la majani makavu. Zilikuwa kumi na moja. Akalitazama daftari, akalitazama sanduku.

"Ulipokwenda Mwingi, ufunguo ulimwachia nani?"

"Ndinda. Kila siku nikisafiri namwachia Ndinda." Akasita. "Lakini afande, huyo ni mtoto wa watu. Usimwingize kwa haya."

"Mimi siingizi mtu," Muthama alisema. "Watu hujiingiza wenyewe."

Kituoni, Mutie alitolewa seli akiwa hana viatu wala mshipi, akiishikilia suruali kwa mkono mmoja. Alikuwa fundi seremala wa miaka arobaini hivi, mwenye mabega mapana na macho yaliyovimba kwa kukosa usingizi.

"Mzee, mimi sijaua mtu," alianza kabla ya kuketi. "Kivuva alikuwa ananitukana, ndiyo. Alikuwa anatukana kila mtu. Lakini Jumamosi alinipa soda."

"Jumamosi mlikuwa na kazi?"

"Mimi na yeye tu. Mzungu, yule mkubwa wa sinema, alikuja asubuhi kabla aende Nairobi, akamwambia Kivuva Jumatatu picha ni ingine, mwaka umepita kwa hadithi, DC amezeeka. Anataka ofisi igeuzwe. Kwa hivyo tulipaka vanishi pande ya dirisha, halafu ile meza tukabeba tukaweka hapo dirishani. Nzito kama maiti." Akashtuka na neno lake mwenyewe. "Aiee, sikusema hivyo."

Sajini Mbuvi alicheka kwa pua. "Mwongo huyu, afande. Meza iko mlangoni. Umeiona kwa macho yako, na picha inasema ni mlangoni."

"Tuliweka dirishani!" Mutie alilia. "Kwa nini nidanganye juu ya meza?"

Lilikuwa swali zuri. Muthama alilibeba mpaka kwenye kabati la vielelezo, akaomba mfuko wa vitu vya marehemu. Mbuvi alikuwa ameviorodhesha vizuri: leso, penseli mbili, kisu kidogo, karatasi moja yenye michoro. Karatasi ilikuwa bado imekunjwa nne. Hakuna aliyejisumbua kuikunjua.

Muthama akaikunjua. Ulikuwa mchoro wa ofisi ya DC ukitazamwa kutoka juu, na meza ilikuwa imechorwa dirishani. Chini yake, kwa mwandiko wa mtu aliyezoea kuandika vibao vya maduka, palikuwa na neno moja: JUMATATU. Alimpigia simu Mzungu wa sinema Nairobi, akangoja dakika ishirini operata amuunganishie, akapata jibu fupi. Ndiyo, aliagiza hivyo Jumamosi. Alimwambia Kivuva tu.

"Tunarudi," alimwambia Mbuvi. "Na huyo Ndinda mwambie atukute hapo. Mwambie nataka msaada."

Saa nane na nusu alikuwa amepiga magoti dirishani mwa ofisi ya uongo, shavu karibu liguse sakafu. Vanishi ilikuwa imekauka sasa, iking'aa. Lakini ilipokuwa mbichi kitu kizito kilikuwa kimesimama juu yake: alama nne za miguu ya mraba, kila moja sawa na kiganja cha mtoto. Alipima kwa kamba, akaenda kupima miguu ya meza iliyokuwa mlangoni. Kamba ilikubali. Mutie hakudanganya.

Ndinda Mwangangi alikuja na kitambaa cheusi kichwani. Alikuwa mwanamke wa miaka thelathini na miwili kutoka Tseikuru, mrefu, aliyeacha ualimu miaka minane nyuma akamfuata Kivuva kwenye kazi hii. Kazi yake kwenye sinema waliiita kontinuiti: kuhakikisha kwamba kikombe kilichokuwa kushoto leo hakionekani kulia kesho. Zile picha za ubaoni zilikuwa zake. Kamera yake ndogo ilikuwa inaning'inia shingoni hata leo.

"Pole kwa msiba, mwaitu," Muthama alimwambia kwa heshima ya Kikamba, akamvutia kiti cha kukunja kutoka nje.

"Asante, afande."

"Jumamosi na Jumapili ulikuwa wapi?"

"Jumamosi nilikuwa Mtito Andei, natafuta madebe ya zamani kwa madereva wa malori. Nilirudi Jumapili."

"Saa ngapi?"

"Mchana. Watu walikuwa kanisani bado." Akaongeza upesi, "Nilienda kulala. Kichwa kilikuwa kinauma."

Muthama alimpa ile picha ya Ijumaa. "Mimi ni mgeni wa mambo haya. Tazama chumba, uniambie kama kuna kitu kimetoka mahali pake."

Alisimama katikati ya chumba. Macho yake yalikwenda kwa kalamu, kiti, kofia, glasi, yakarudi pichani. Kwa muda huo alisahau msiba na askari. Uso ulitulia kabisa, ukawa uso wa mtu aliye kazini kwake. Muthama alimtazama, na moyoni akamsikitikia kabla hajawa na haki ya kumsikitikia.

"Iko sawa," Ndinda alisema.

"Sawa na picha?"

"Sawa kabisa."

"Hiyo ndiyo shida yangu." Muthama alikaa kwenye ukingo wa dirisha. "Picha ilipigwa Ijumaa mchana. Ijumaa jioni Hemedi alichukua glasi, akamwaga chai, akafunga stoo. Jumamosi Kivuva na Mutie wakabeba hiyo meza wakaileta hapa niliko. Alama za miguu ziko hapo sakafuni, njoo uone. Kwa hivyo Jumamosi usiku chumba hakikufanana na picha hata kidogo. Jumatatu asubuhi Sajini anakuja kukifunga, anakuta kimefanana nayo mpaka kiasi cha chai. Nani alikirudisha?"

Ndinda hakwenda kuona alama. "Labda Kivuva mwenyewe."

"Kivuva alikuwa na mchoro mfukoni wa kuiweka dirishani, na agizo la mkubwa wake. Atoe jasho aiweke, halafu atoe jasho aitoe?"

"Mutie, basi."

"Mutie alijua imehamishwa. Kama angetaka kuficha kitu, angeiacha dirishani. Mtu aliyeirudisha mlangoni ni mtu ambaye hakuwa hapa Jumamosi na hakuambiwa. Alipoingia akaona meza dirishani, akadhani Kivuva ameivuta tu apate mwanga wa kuchora. Ni kweli?"

Ndinda aliitazama ile picha mkononi mwake.

"Na mtu huyo alikuwa na ufunguo wa stoo, kwa maana glasi haikujitoa. Mtu mwingine akitaka kusafisha chumba anapanga viti na kupangusa damu, anakwenda zake. Hakumbuki chai. Huyu alichemsha strungi, ndugu yangu. Na maiti iko hapo."

Nje, Sajini Mbuvi alikohoa. Ndinda aliirudisha picha ubaoni, akaibandika mahali pake, akainyoosha kwa kidole gumba.

"Sikuwa nafikiri," alisema mwishowe. "Niliogopa watu wakirudi waone chumba kimeharibika. Nikaanza na kiti. Nikishaanza siwezi kuacha katikati, mikono inaenda. Meza niliivuta, nikaweka kalamu, nikaona picha iko na glasi, nikaenda kuleta glasi."

"Mligombana nini?"

Alifungua mkoba wake akatoa karatasi iliyopigwa taipu, imekunjamana kama iliyofinyangwa na kunyooshwa mara nyingi. Yalikuwa majina ya watu watakaoandikwa mwisho wa sinema. Mandhari: Kivuva Ndeti. Chini yake hapakuwa na kitu, mstari ukaruka mpaka kwa maseremala.

"Niliikuta mezani. Hii ofisi nimeichora mimi, afande. Ile stesheni ya mwaka jana, mimi. Macho yake yalikuwa yameanza kufifia, mistari iliyonyooka alikuwa haoni, na mimi ndiye nilikuwa namfichia. Aliapa kwamba safari hii jina langu litakuwa karibu na lake. Nikamuuliza. Akaniambia msaidizi haandikwi, nikitaka jina nirudi Tseikuru niandike ubaoni. Akacheka." Aliikunja ile karatasi. "Nilimsukuma mara moja. Mara moja tu. Kona ya meza ikampata hapa nyuma. Nilikimbia kuleta maji, nikirudi hapumui."

"Halafu ukamburuta nje."

"Kwa turubai. Nikang'oa misumari ya ile mbao na koleo, ionekane ameanguka. Nilitaka ionekane ni ajali, isiwe ya mtu yeyote."

"Koleo ilikuwa ya Mutie."

"Ilikuwa karibu."

"Mbao ina fundi, Ndinda. Hukujua watamshika?"

"Nilijua wataona hana makosa watamwachilia. Jana na leo nilikuwa nasema sasa hivi watamwachilia."

"Kesho angesomewa shtaka la kuua."

Ndinda alikaa chini kwenye sakafu, pale pale, ingawa kiti kilikuwa karibu yake. Muthama alimngojea mpaka alipoweza kusimama. Hasira aliyokuwa ameitarajia haikuja. Alichokiona ndani yake ni uchovu, na aibu kidogo ya kuwa sahihi.

Ilikuwa saa kumi na dakika chache walipomaliza kuandika maelezo kituoni. Ndinda aliyasoma, akasahihisha tarehe moja, akatia sahihi. Muthama alimwambia akae kwenye benchi ya mapokezi wakati Mbuvi anatafuta askari wa kike, naye akaandika amri ya kumwachilia Mutie. Hakufikiria kwamba seli na mapokezi vina mlango mmoja.

Mutie alitoka akifunga mshipi, viatu mkononi. Alimwona mwanamke wa kitambaa cheusi, akasimama, na uso wake wote ukafunguka.

"Ndinda! Ni wewe umekuja kunisemea?" Aliviangusha viatu chini, akamshika mkono kwa mikono yake miwili. "Nilijua. Hao wengine wote wameniogopa, hata shemeji yangu hajakanyaga hapa. Nilimwambia Mungu, mtu mmoja tu, na nikajua atakuwa wewe. Mungu akubariki, dada yangu. Mungu akubariki wewe na watoto utakaopata."

Ndinda aliitazama mikono iliyomshika. Alimtazama Muthama, na Muthama akajifanya anatafuta kitu kwenye meza.

"Watoto wangu nitawaambia ni wewe," Mutie aliendelea, akivaa viatu kwa haraka bila kufunga kamba. "Kuna gari ya kwetu saa kumi na moja. Maliza na hawa wazee, nakungojea hapo nje twende pamoja."

"Usimngojee, fundi," Muthama alisema.

"Si shida, afande. Hata akichelewa."

Akatoka, akaketi kwenye ngazi ya kituo, akatengeneza nafasi kando yake kwa kupangusa vumbi na kiganja cha mkono.